Sekunde Kumi na Moja Nilizoshindwa Kunyamaza

Nakumbuka asubuhi moja, mwanangu, niliamka Mbeya nikiwa sina ninakokwenda, na ilipofika saa mbili nilikuwa nimekwisha kuondoka. Ndivyo nilivyokuwa ujanani. Shule niliiacha darasa la sita, si kwa ada wala kwa utundu, bali kwa sababu dirisha la darasa letu lilitazama barabara kuu, na kila lori lililopita liliniuliza swali ambalo mwalimu hakuwa na jibu lake. Nilikuwa nimebeba viazi, nimepaka rangi vibao vya maduka, nimelinda mbao za watu. Kazi zote hizo nilizipenda kwa wiki tatu. Wazee wanasema mtembea bure si sawa na mkaa bure, na methali hiyo niliishika kuliko sala.

Pale Uyole nikamsimamisha dereva wa lori la viazi.

"Unakwenda wapi?" akaniuliza.

"Unakokwenda."

"Mimi naenda Dar."

"Basi nitashuka kabla."

Akacheka, akaniambia nipande juu ya magunia. Nilishuka Igawa, na sababu yake nakwambia bila aibu: ilikuwa harufu ya wali. Mchele wa Mbarali ukichemka kando ya barabara, mtu mwenye njaa hana nguvu ya kuupita. Nilikula sahani mbili, na nilipomaliza ya pili lori lilikuwa limekwisha kwenda, nami sikuwa na haraka ya kulifuata.

Aliyenipakulia alikuwa Mama Zuhura, binti wa mfanyabiashara wa nguo aliyehamia Mbeya kutoka pwani. Nyuma ya hoteli yake alikuwa na kibanda cha video. Wewe hukuviona vibanda hivyo, kwa hiyo acha nikueleze. Ni chumba cha mabati, mabenchi kumi, televisheni moja juu ya kabati, na jenereta inanguruma nje. Kanda zenyewe ni za Kichina, Kihindi, Kizungu, na watazamaji ni wakulima wa mpunga, wafugaji na makuli wa malori. Sasa nani atawaambia yule Mchina anasema nini? Ndiyo maana pembeni hukaa mtu na kipaza sauti. Huyo ndiye mtafsiri. Anapunguza sauti ya filamu, anasema yeye. Watu hawaji kuona filamu tu. Wanakuja kumsikia yeye.

Mtafsiri wa Mama Zuhura alikuwa amekimbilia Chunya kuchimba dhahabu. Nikamwambia kazi hiyo naiweza.

"Lugha unajua?"

"Zipi, mama?"

"Za kwenye kanda."

"Zote," nikasema.

Sikujua hata moja. Lakini kuuliza si ujinga, na kutazama nako ni kuuliza. Nilitazama kanda mara mbili peke yangu asubuhi, nikabuni yaliyobaki. Majambazi niliwapa majina ya Kinyakyusa, polisi wakawa Wahehe wakali, na kila asiye na jina akawa shemeji wa mtu pale Igawa. Watu walicheka mpaka mabenchi yakavunjika miguu. Kabla mwezi haujaisha nilikwisha pewa jina: Redio. Nami nikalipenda, mwanangu. Ni jina la kwanza nililopewa ambalo halikuwa la tusi.

Kulikuwa na kanda moja ya Kifaransa iliyopendwa sana. Wezi wanaiba dhahabu kwenye treni. Mwizi mkuu nilimwita Asajile. Karibu na mwisho, Asajile anatoroka, na mama yake anamsindikiza kituoni. Pale hawasemi kitu. Midomo ya mama inatikisika, lakini sauti yake haisikiki. Kuna kinanda tu, taratibu, noti moja moja, kisha fidla. Yule mama anamfunga mwanawe vifungo vya koti, kimoja baada ya kingine. Mimi niliona hapo ni pengo la kuzibwa. Nikawa namsemea: "Asajile mwanangu, usisahau kuniletea kanga, na safari hii usilete ya mtumba!" Kicheko cha watu kilisikika mpaka kwenye mizani ya malori.

Siku moja alasiri, baada ya onyesho, niliwakuta watu wawili wageni wakinywa chai kwa Mama Zuhura. Mmoja alikuwa dereva kijana wa Iringa aliyeitwa Kastori. Gari lake lilikatika klachi pale pale Igawa, na kifaa kilikuwa kimeagizwa Mbeya. Wa pili alikuwa mzee wa Kizungu, mwembamba, vidole vimepinda kwa baridi yabisi. Kastori alikuwa amekwenda kumpokea kwenye stesheni ya treni Mbeya ampeleke Iringa kwa binti yake, aliyekuwa akifundisha chuo huko.

"Redio ni wewe?" Kastori akaniuliza. "Huyu babu anaitwa Reni. Anasema muziki uliokuwa unapiga humo ndani ni wake."

Nikadhani anadai kanda. "Mwambie kanda ni ya Mama Zuhura."

"Si kanda, bwana. Muziki. Ameutunga yeye."

Nilicheka. Kwangu mimi muziki wa filamu haukuwa na mwenyewe; ulikuwa kama vumbi, upo tu. Lakini mzee akaweka kikombe chini, akaanza kuimba kwa mdomo uliofungwa, noti moja moja, na hata kabla hajafika kwenye fidla nilimwona yule mama mbele yangu na vifungo vyake. Nikakaa chini. Nikamwamkia.

"Shikamoo, babu."

"Marahaba," akasema. Neno hilo alikuwa amefundishwa njiani, na alilisema kwa fahari kubwa.

Unanijua nikikuta kitu nisichokijua. Nilimuuliza maswali siku hiyo na kesho yake asubuhi mpaka Kastori, aliyekuwa akitafsiri kwa Kiingereza chake cha kuwaendesha wageni, akaomba alipwe kwa maandazi. Mzee Reni alikuwa mtoto wa mwoka mikate. Kinanda alijifunza kanisani. Alipokwenda mjini kijana, kazi yake ya kwanza ilikuwa kunakili kwa mkono noti za watunzi wengine, karatasi kwa karatasi, ili wapigaji wapate za kusoma. Siku moja mtunzi akaugua, ikabaki sehemu ndogo ya filamu, mtu anapanda ngazi, haina muziki. Wakamwambia ajaribu.

"Mwenye filamu alipoisikiliza akasema nini?" nikauliza.

Kastori akamsikiliza mzee, akakunja uso, akarudia kumuuliza. "Anasema alimwambia: nzuri, sikuisikia."

"Hiyo si dharau?"

"Na yeye alidhani hivyo. Alitaka kuacha kazi. Anasema miaka ilipita kabla hajajua kwamba muziki ulioshikana na picha hausikiki peke yake, na kwamba hakuwahi kusifiwa hivyo tena."

Ndivyo alivyoishi. Alitazama filamu bila sauti, saa ya kuhesabia sekunde mkononi, akitafuta muziki uingie wapi na utoke wapi. Alizitungia muziki filamu nyingi, nzuri chache na mbovu nyingi, kwa maneno yake mwenyewe. Jina lake lilitokea mwisho, watu wanapoinuka kutafuta makoti. Baadaye vijana wakaja na mashine zinazopiga ala zote zenyewe, simu yake ikaacha kulia, vidole navyo vikakataa. Aliyasema hayo yote bila manung'uniko, akichovya andazi kwenye chai.

Nikamuuliza kuhusu yule mama. Mbona midomo inatikisika na haongei?

Aliyeigiza, akasema, alipatwa na mafua siku ile, sauti ikawa haifai. Mwenye filamu akaifuta yote, akamwambia Reni: muziki useme alichotakiwa kusema.

"Na alitakiwa kusema nini?"

Mzee akanitazama, akatikisa kichwa. Kastori akatafsiri: "Anasema hakwambii. Akikwambia, utawaambia."

Kisha akaomba jambo moja. Sikumbuki kama aliliomba kwa unyonge, lakini Kastori alilitafsiri polepole. Gari lingekuwa tayari jioni ile, na asubuhi wangeondoka. Je, alasiri ile ningeweza kuonyesha ile filamu, na tukifika kwa mama nisiseme neno? Dakika tatu na nusu. Alisema muziki ule ndio pekee katika maisha yake aliotaka usikike, na kwao hakuna anayeitazama tena filamu hiyo. Alitaka auone mara moja ukifika kwa watu.

Nikasema ndiyo. Nilisema upesi, kama ninavyosema kila kitu.

Mama Zuhura alipopata habari alishika kiuno. "Dakika tatu? Wateja wanamlipia Redio, hawamlipii bibi wa Kizungu anayefunga vifungo. Ukikaa kimya watadhani jenereta imezima. Na wakinikimbia, kesho utafute pengine pa kupigia domo."

"Nimeahidi, mama."

"Ahadi yako, kibanda changu."

Lakini aliruhusu. Alikuwa na moyo, ila aliuficha chini ya sauti.

Alasiri kibanda kilijaa. Mzee Reni alikaa benchi la nyuma, karibu na mlango, saa yake ya sekunde kiganjani, Kastori ubavuni mwake. Nilitafsiri wizi wa dhahabu kwa ufundi wangu wote. Tukafika kituoni. Nikapandisha sauti ya filamu, nikaweka kipaza sauti juu ya goti.

Kinanda kikaanza. Mama akashika kifungo cha kwanza.

"Redio!" mtu akaita. "Betri zimekwisha?"

Nikanyamaza.

"Kameza mfupa huyo!"

"Mpigeni kofi, redio za zamani huwa zinashika hivyo!"

Wakacheka. Nikanyamaza. Kicheko kikapungua, kikafa. Ukaja utulivu, na huo, mwanangu, ndio ulionishinda. Kelele nilikuwa naiweza. Fidla iliingia, mama alikuwa kwenye vifungo vya juu, na watu wote wale, makuli na wafugaji, walikuwa wameacha kunitazama mimi. Hakuna shingo moja iliyogeukia pembeni nilipokuwa. Kifua kikanibana. Mkono ukainua kipaza sauti wenyewe, nikasikia sauti yangu ikisema: "Asajile mwanangu, usisahau kanga!"

Kibanda kililipuka kwa kicheko. Wengine walipiga miguu chini. Niliporudisha macho nyuma, benchi la karibu na mlango lilikuwa na nafasi mbili tupu.

Niliwakuta nje, wamesimama kwenye kivuli cha bati. Nilikuwa nimeandaa maneno ya kujitetea, lakini mzee alinionyesha saa yake, akasema sentensi mbili fupi.

"Anasema zilibaki sekunde kumi na moja," Kastori akatafsiri. Yeye ndiye aliyekuwa na hasira, hakunitazama. "Na anauliza, uliogopa nini?"

Redio nzima ya Igawa ikakosa neno. Mzee alingoja jibu langu kwa uaminifu kabisa, kama mtu aliyeuliza njia, na alipoona halitoki alinigusa bega, akaenda zake gesti. Heri kujikwaa kidole kuliko kujikwaa ulimi: kidole kinauma siku mbili. Asubuhi waliondoka kwenda Iringa, nami sikutoka kuwaaga.

Alasiri iliyofuata nilimwomba Mama Zuhura anipe ile kanda tena. "Ulishaiharibu jana, unataka kuizika leo?" akasema, lakini akanipa. Safari hii, tulipofika kituoni, nilitoka kwenye kiti changu, nikaenda kukaa benchi la mbele na watu, mikono mitupu. Walinizomea kidogo. Kisha utulivu ule ukaja, kifua kikanibana vilevile, na hapo hapo nikapata jibu la swali la mzee. Niliogopa wasije wakagundua kwamba filamu inaweza kwenda bila mimi.

Ilikwenda. Kinanda kikamaliza, fidla ikamaliza, treni ikaondoka. Karibu yangu alikaa mfugaji mmoja wa Kisangu, mtu mzima, fimbo katikati ya magoti. Akasema, si kwa mtu yeyote, "Anamwambia asirudi."

"We mzee, Kifaransa umesomea wapi?" kuli mmoja akamtania.

"Kwani mtu anayerudi jioni unamfunga vifungo vyote?" akajibu. "Na hicho kinanda sikiliza, hakimwiti."

Hakuna aliyecheka. Nami nikajua sitalala raha Igawa mpaka nijue kama yule Msangu alikuwa sahihi. Nilimrudishia Mama Zuhura kipaza sauti chake. Alinifungia wali kwenye jani la mgomba, akaniambia, "Nilijua utaondoka. Redio haina mizizi." Lakini alinitazama mpaka nikapata lori.

Iringa sikuwa nimewahi kufika kabla ya hapo. Mji uko juu ya mlima kama mtu aliyepanda kuona nani anakuja. Nikipanda ile barabara ya kona juu ya shehena ya mahindi, upepo ukipenya shati, nilipanga hotuba ndefu ya kuomba radhi, yenye methali nne. Kumpata Kastori haikuwa shida, kwa maana madereva wote wa Iringa wanajuana. Alipoona ni mimi alitema mate pembeni.

"Umekuja kumalizia sekunde zako?"

"Nimekuja kumwambia kitu. Ukishanitafsiria, nifukuze."

Akanitazama miguu iliyojaa vumbi, akanipeleka.

Mzee Reni alikuwa ameketi barazani kwa binti yake, blanketi magotini, ingawa jua lilikuwa bado linawaka. Hotuba yangu yote ikayeyuka. Nilimwamkia, nikasema tu kwamba jana nilionyesha tena ile filamu na kwa mama sikusema neno, na kwamba mfugaji wa ng'ombe wa pale Igawa, ambaye hajui Kifaransa na hajui hata kusoma, alisema yule mama anamwambia mwanawe asirudi. Nikauliza: ndiyo maneno aliyotakiwa kusema?

Kastori akatafsiri. Mzee akaongea kwa sauti ndogo, na binti yake, aliyekuwa mlangoni na sinia la chai, akasimama hapo hapo na sinia lake.

"Anasema hapana," Kastori akasema. "Maneno ya kwenye karatasi yalikuwa ya kawaida tu. Nenda salama, niandikie barua. Lakini yeye alipokuwa anatunga, alikuwa anamuwaza mama yake. Siku aliyoondoka nyumbani, baba yake hataki kusikia habari za kinanda, mama yake alimfunga koti mlangoni pa tanuri la mikate, akamwambia asirudi. Anasema hajawahi kumwambia mtu. Hata mwenye filamu. Hata huyu binti."

Mwanangu, nilikuwa na maneno mengi mdomoni wakati ule. Pole nilikuwa nayo, methali nilikuwa nazo, na swali pia, kwa sababu nilitaka sana kujua kama alirudi. Mzee alikuwa anatazama miti ya mlimani, midomo yake inatikisika kidogo. Binti akaja taratibu, akaweka sinia chini, akakaa karibu na miguu ya baba yake. Kifua kikanibana. Nikakiacha kibane. Sijui tulikaa muda gani. Saa yake ya sekunde haikutoka mfukoni. Chai ilipoa, na hakuna aliyeigusa. Mwishowe yeye mwenyewe alinigeukia, akatabasamu, akanimiminia kikombe kwa vidole vile vilivyopinda, nami nikajua kwamba amenisamehe; kama alirudi kwa mama yake sikuuliza.

Jua liliposhuka binti akaniuliza kwa Kiswahili nitalala wapi. Nikasema sijui. Akanivusha ng'ambo ya njia mpaka kwa mama mmoja mjane wa Kihehe aliyepangisha vyumba.

"Kamwene," mama akanisalimu.

"Kamwene, mama."

"Chumba kipo. Kitanda cha kamba, blanketi mbili, maana baridi ya hapa haina utani. Utakaa siku ngapi?"

"Sijui, mama."

"Wasiojua ndio wanaokaa," akasema, akanipa ufunguo. Nilikaa Iringa miaka minne. Kwa mtu kama mimi hiyo ni ndoa.

Sasa nasaha yangu, mwanangu, nami siizungushi. Siku hizi kila mmoja wenu ana kipaza sauti mfukoni, na mtu akifiwa, akiaibika, akipenda, mnamsemea kabla hajafungua kinywa. Mtu anapokaa kimya usikimbilie kudhani hana la kusema. Mara nyingi hapo ndipo anaposema lile kubwa, na wewe ukiongea unamfunika. Kila ulimi wako utakapokuwasha, jiulize kwanza lile swali nililoulizwa chini ya bati la Igawa: unaogopa nini? Ukikuta unachoogopa ni kusahauliwa, basi nyamaza, kwa sababu aliyefanya kazi njema hapotei hata asipoonekana. Na ukikosea, kama nilivyokosea mimi, usiache aibu ikukalishe. Panda gari ukamwone mtu uliyemkosea, na ukifika useme machache.

Nenda sasa. Mungu akufungulie kila mlango utakaobisha, akupe mwenyeji mwema kila utakaposhuka, na akujalie watu watakaokaa nawe siku ambayo hutakuwa na neno la kuwaambia. Amina.